Likuyani ina miguu, kinachokosekana ni godoro

Ukisikia Mkenya ameshinda riadha, swali lako la kwanza ni: mbio gani? Huulizi aliruka kimo gani. Lakini mwaka 2018 kule Asaba, Nigeria, Mathew Sawe alitwaa ubingwa wa Afrika wa kuruka juu kwa mita 2.30. Simama kando ya mlango wa nyumba yako uangalie juu. Jamaa anaupita huo mlango na nafasi inabaki.

Sasa weka hiyo 2.30 kwenye mizani. Kiwango cha kuingia Olimpiki ya Tokyo moja kwa moja kilikuwa 2.33. Dhahabu yenyewe, ile Mutaz Barshim wa Qatar na Gianmarco Tamberi wa Italia waliamua kugawana, ilitoka kwa 2.37. Tumebaki nyuma sentimita tatu, halafu saba. Zinapotelea wapi?

Twende Likuyani, pale Kakamega inapopakana na Uasin Gishu na Trans Nzoia. Mtoto wa huko akitaka kukimbia, barabara ya vumbi iko mlangoni na Eldoret, mji wa wakimbiaji, hauko mbali. Akitaka kuruka je? Shule nyingi za mashambani zina miti miwili, ufito katikati, na mchanga ama nyasi. Kijana anaruka kwa mtindo wa mkasi, mguu mmoja baada ya mwingine, anatua wima. Video kama hizo umeziona mtandaoni, na watu huandika yale yale: huyu apelekwe Olimpiki!

Shida ni kwamba mkasi una mwisho wake. Mwaka 1968 kule Mexico, Mmarekani Dick Fosbury alishinda dhahabu kwa 2.24 akipita ufito kwa mgongo. Mwili ukijikunja kama upinde, unavuka kipande kwa kipande, kwa hivyo nguvu ile ile inakufikisha juu zaidi. Lakini unatua kwa mabega. Bila godoro nene, hapo ni kuvunja shingo. Mwalimu mwenye akili hawezi kukufundisha hivyo juu ya nyasi.

Na usiniambie eti sisi si watu wa kuruka. Mwaka 1954 kule Vancouver, Patrick Etolu wa Uganda alishinda fedha katika michezo ya Jumuiya ya Madola. Enzi hizo karibu kila mtu alitua mchangani, na tulikuwa sawa nao. Wenzetu walipopata magodoro, wakatuacha.

Utasema Julius Yego alijifunza mkuki kwa YouTube na akawa bingwa wa dunia mwaka 2015. Kweli kabisa. Lakini mkuki ukianguka kwa nyasi hauumii. Mtu anaumia.

Hatuombi uwanja wa mabilioni. Godoro moja la mashindano kwa kila kaunti ndogo, stoo isiyovuja, na mwalimu aliyefunzwa. Sheria ya NG-CDF inaruhusu pesa za maeneobunge kutumika kwa michezo, na Likuyani ni eneobunge. Kila msimu wa kura tunapewa jezi na mipira, tunapiga makofi, tunarudi nyumbani. Mwaka 2027 mgombea akija na jezi, pokea, kisha muulize kuhusu godoro.

Na video nyingine ya kijana wa mkasi ikikufikia, usiandike apelekwe Olimpiki. Andika: anatua wapi?