Cheo Kimeshushwa, Mshahara Je?
Mtumishi wa umma anayekaa Shelly Beach na kuvuka na feri ya Likoni kila alfajiri anaweza kufungua hati yake ya mshahara mwisho wa mwezi akakuta cheo kimeshuka na pesa zimepungua, bila barua wala kuitwa ajieleze. Hilo si jambo la kumeza kimyakimya. Ibara ya 236 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inakataza kumshusha cheo mtumishi wa umma bila kufuata taratibu za sheria, na Sheria ya Ajira ya 2007 inamtaka mwajiri ashauriane na mfanyakazi na kumwarifu kwa maandishi masharti ya kazi yakibadilika. Wa serikali ya kaunti hukata rufaa kwanza kwa Tume ya Utumishi wa Umma; baadaye ipo Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, yenye kituo Mombasa. Asichelewe, maana dai la ajira lina ukomo wa miaka 3, na wengi huila miaka hiyo wakiambiwa “njoo wiki ijayo”. Uchungu mkubwa zaidi huja baada ya ushindi. Mali ya serikali, kuu au ya kaunti, haipigwi mnada kulipia deni la hukumu. Mshindi hutafuta cheti cha amri ya mahakama, akakikabidhi kwa ofisi inayodaiwa, na asipolipwa hurudi kortini tena kuomba afisa mhasibu alazimishwe kulipa, huku karo na kodi ya nyumba vikimdai.