Nani anakula jasho la wachoraji wa Japani?



Jioni mu malupango yetu batoto wanaita Goku na Naruto kama vile ni majirani. Dragon Ball ilianza kuchapwa kule Tokyo mwaka 1984. Mwaka 1988 televizio ya Ufaransa ikaionyesha mu Kifaransa, na kwa ile njia ya Kifaransa njo desen anime za Japani zilizoea kutufikia. Sisi hatuko kinyume, ile ni kazi ya ufundi. Lakini mutu wa sendika lazima aulize: mwenye kuifanya anapata nini?

Mwaka 2023 desen anime za Japani ziliingiza zaidi ya yen trilioni 3, na zaidi ya nusu ilitoka inje ya inchi yao. Lakini kijana anayechora picha za katikati, zile zenye kufanya mikono na miguu itembee, mara mingi analipwa kwa karatasi. Karatasi moja ni karibu yen 200, haifike hata dola 2. Mushahara wa mwezi, wengi hawana. Akigonjwa, hakuna kitu.

Sasa feza inaenda wapi? Mbele ya kazi kuanza, televizio, wachapishaji na wenye kutengeneza vitu vya batoto kuchezea wanachanga feza, wanagawana haki zote. Studio inapewa bei ya kazi tu. Desen ikipendwa dunia nzima, ile bei haipande. Mwenye kutumika mu mine kwa kampuni ya katikati anaelewa bila kuelezwa.

Kuna wenye kusema: kazi ikijulikana, mushahara utafuata. Hapana! Unafuata pale watu wanaungana na pale kontra iko. Hayao Miyazaki, yule aliyepata Oscar mwaka 2003, mwaka 1964 alikuwa katibu wa sendika mu studio Toei. Sendika haikumuzuia kuwa fundi mukubwa. Na studio Kyoto Animation inalipa wachoraji wake mushahara wa mwezi. Kazi yake inasifiwa kila pahali. Basi inawezekana.

Wazazi, musizime televizio. Mutoto akisema anataka kuwa muchoraji, mumwambie ajifunze kuchora, na ajifunze kusoma kontra. Na sisi wenyewe, siku bei ya kobalti inapanda, tusipige makofi mbio. Tuulize kwanza: sehemu yetu imeandikwa mu karatasi gani?