Hati ya Baraza la Ndoa si Barua ya Kawaida

Wapo wananchi wanaoamini mpaka leo kwamba ndoa ya Kihindu haiwezi kuvunjwa na mahakama ya Tanzania, au kwamba huvunjwa kwa sheria iliyotoka India. Imani zote mbili ni makosa. Ni kweli kwamba mafundisho ya kale ya Kihindu hayakuijua talaka: mume na mke waliokwisha kuuzunguka moto mtakatifu walihesabiwa kuwa wamefungwa maisha. India yenyewe iliiweka talaka katika Sheria ya Ndoa za Wahindu ya mwaka 1955. Lakini Tanzania Bara ilishika njia yake. Sheria ya Ndoa Na. 5 ya mwaka 1971, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei mwaka huo, ilikomesha desturi ya kikoloni ya kuzigawa ndoa za watu kwa sheria mbalimbali. Harusi yaweza kufungwa kwa taratibu za Kihindu, Kiislamu, Kikristo, kimila au kiserikali. Anayetaka talaka mahakamani hufuata sheria hiyo moja.

Basi mke wa Kihindu wa Kinondoni na mke wa Kizaramo wa Temeke hupita mlango ule ule, na mlango huo uko katani. Kifungu cha 101 kinamkataza mtu kufungua maombi ya talaka kabla mgogoro haujapelekwa kwenye Baraza la Usuluhishi wa Ndoa, na Baraza likathibitisha kwamba limeshindwa kuwapatanisha. Baraza ni mwenyekiti na wajumbe wasiopungua wawili wala kuzidi watano. Jumuiya ya watu, Wahindu wakiwamo, yaweza kuwa na Baraza lake, mradi Waziri awe amelitambua.

Hapa ndipo mambo yanapoharibika. Mdai huja na barua ya mzee wa ukoo, ya kiongozi wa hekalu au ya mwenyekiti wa mtaa, imepigwa mhuri safi, naye anaamini kazi imekwisha. Mara nyingi barua hiyo imeandikwa kwa huruma na mtumishi wa umma, au na mwalimu aliyeombwa msaada kwa kuwa anajua kuandika. Huruma hiyo ina gharama kubwa. Mahakama ya Rufani imekwisha kutamka kwamba shauri lisilo na hati halali ya Baraza limefunguliwa kabla ya wakati wake. Hukumu yaweza kufutwa katika rufaa, baada ya miaka ya kuhangaika, na mgawanyo wa mali ukaanguka pamoja nayo. Haki ya mke kuhesabiwa kazi zake za nyumbani kuwa mchango katika mali ya ndoa, iliyotambuliwa mwaka 1983 katika shauri la Bi Hawa Mohamed, haimfai kitu mwanamke ambaye shauri lake limetupwa kwa sababu ya karatasi.

Hata hati iliyo halali huchakaa: isizidi miezi 6 tangu itolewe hadi maombi yanapofunguliwa. Na ndoa isiyotimiza miaka 2 huhitaji kwanza kibali cha mahakama.

Yapo pia Mabaraza yanayokosea kwa upande wa pili. Kwa kudhani kwamba kushindwa kupatanisha ni aibu, huwaita wanandoa wiki hadi wiki bila kutoa hati. Sheria haikuwapa wajumbe kazi ya kumrudisha mtu kwenye kipigo. Upande mmoja ukiitwa na kukataa kwa makusudi kufika, sheria imetoa nafasi. Vivyo hivyo kwa mwenzi aliyetoroka asijulikane alipo, au aliyefungwa jela miaka 5 au zaidi.

Kwa mke wa Kihindu kuna uzito mwingine: kuyasema ya chumbani mbele ya majirani. Wakili haruhusiwi kumsemea katika Baraza, ila ndugu wa familia aweza. Jumuiya inayoona haya ni mazito iombe Baraza lake litambuliwe rasmi, badala ya kutoa barua zisizo na nguvu.

Afisa mtendaji wa kata anayefikiwa na mwananchi wa namna hii hana haja ya kuwa mwanasheria. Ampeleke kwenye Baraza lenyewe, ahakikishe pande zote mbili zimeitwa, na hati itaje wazi yale Baraza liliyoyaona na kwamba usuluhishi umeshindikana, pamoja na tarehe. Kisha mwenye hati aende Mahakama ya Mwanzo iliyo karibu naye, au kile kituo cha mashauri ya familia cha Temeke.