Stelingi hafi, lakini adui ndiye picha

Najua nimepotea wiki mbili, lawama zote pelekeni kwa testi na kwa bumu lililochelewa. Leo nina jambo moja tu. Limeanza jana usiku humu hosteli na mpaka asubuhi hii shosti wangu wa chumbani hajanisemesha.

Tulikuwa tunaangalia Mr. India, ile ya 1987. Mwenzangu akasema eti Amrish Puri hakuwa mwigizaji, alikuwa macho na sauti tu, mzee wa kupiga kelele. Jamani! Nikasimamisha picha hapo hapo.

Hivi huyu mzee mnamjua lakini? Mama yangu jina lake halijui, yeye anamwita Mogambo kwenye kila picha, hata akiwa baba wa bibi harusi. Alizaliwa Punjab mwaka 1932, akaenda Bombay kutafuta sinema kama kaka zake (Madan Puri naye alikuwa adui maarufu, sijui ni ukoo gani ule). Akafanyiwa majaribio, akakataliwa. Basi akaajiriwa ofisini, shirika la bima ya wafanyakazi, akakaa huko zaidi ya miaka 20 huku akiigiza jukwaani. Mwaka 1979 akapata tuzo ya Sangeet Natak Akademi kwa kazi ya jukwaa. Anakuja kuwa Mogambo umri unakaribia 55. Sisi hapa tukipata C moja tunaona maisha yameisha.

Mtazameni tena huyo Mogambo. Muda mwingi amekaa kwenye kiti chake. Anaamuru walinzi warukie tindikali, na wanaruka, tena huku wanamsifu! Kinachotisha pale sio sauti, ni kwamba hakuna anayeuliza kwa nini. Stelingi hafi, hilo hata mtoto anajua. Adui ndiye anayetakiwa kukufanya usahau kwamba stelingi hafi, na hiyo ndiyo kazi. Steven Spielberg aliliona hilo mapema, akampa Mola Ram kwenye Indiana Jones and the Temple of Doom ya 1984, mzee akanyoa kichwa. Sikatai, aliigiza mamia ya picha na nyingine alifoka tu akachukua hela yake. Nani hajawahi kuandika asaimenti ya hivyo?

Sasa niwaambie kwa nini nilikasirika vile. Mwaka jana TP nilipewa kidato cha pili, Kiswahili, wanafunzi zaidi ya 70, na mimi mnanijua nilivyo mfupi. Nikaona dawa ni Mogambo. Naingia kimya, natoa macho, sauti ya chini chini. Fimbo sikushika hata siku moja. Darasa likanyooka mpaka walimu wenyeji wakanisifu, na mimi kichwa kikavimba. Nikiuliza mmeelewa, naitikiwa "ndiyo madam" kama kwaya.

Nikatoa jaribio la ngeli. Zaidi ya nusu ya darasa wakapata sifuri.

Nikawauliza kwa nini hawakusema kama hawaelewi. Kimya. Baadaye binti mmoja akanifuata nje, anaangalia chini, akasema, "Madam, tulikuwa tunaogopa." Zilikuwa zimebaki siku nne niondoke. Nilirudia ngeli ya KI-VI tu, nyingine niliwaacha nazo hivyo hivyo, na wale watoto wana mtihani wa taifa wa kidato cha pili. Mpaka leo nikikumbuka nasikia vibaya.

Ndiyo maana shosti aliposema "kelele tu" ilinichoma. Mimi ndiye niliyechukua kelele peke yake. Amrish Puri aliyefariki tarehe 12 Januari 2005, mimi nikiwa bado naogopa kuku, alikuwa na kingine. Kaangalieni Dilwale Dulhania Le Jayenge ya 1995. Yule Baldev Singh ana macho yale yale ya Mogambo, binti yake anatetemeka mbele yake picha nzima. Halafu pale stesheni treni inaondoka, kamshika mkono, na anauachia. Uso haujageuka kuwa wa malaika, ni baba yule yule mkali, ila mkono umefunguka. Mimi hulia pale kila mara, mnicheke tu.

Leo usiku namwekea shosti hiyo. Kama bado kanuna nitaangalia mwenyewe, na karanga zake nitakula.