Kicheko cha Kibandani
Jumamosi, katika kibanda cha video hapa Kasikeu, alipotokea kwenye sinema mwanamume aliyevaa kanga na matiti ya matambara, hadhira iliangua kicheko hata mzee mmoja akapaliwa na hindi la kuchoma. Nami, sijitoi, nilicheka, kisha nikaikumbuka filamu ya hali halisi The Pearl of Africa ya mwaka 2016, ambamo Cleopatra Kambugu wa Uganda, mwanamke aliyezaliwa akihesabiwa mwanamume, huonekana na mchumba wake Nelson wakipendana bila haraka, ilhali sinema za watu wazima za ughaibuni zimewauza wanawake kama Cleopatra dahari kama kioja cha faraghani, na sasa ndiyo kwanza zinajifunza kuwaita kwa heshima. Sinema ni kioo, na kioo hakina hila, hila ni ya akishikaye: aibu ya kicheko kile ni yetu tuliotoa shilingi 20 kukinunua; naye yule mzee, alipokwisha kukohoa, aliagiza hindi la pili.