Filamu isianzie 2020

Mhariri wa filamu akikaa kukata na kuunga historia ya mpira wa Dodoma, ataanzia wapi? Ataanzia 2020, Dodoma Jiji ilipopanda Ligi Kuu, maana picha zipo tele. Huo ni uvivu, jamani! Waziri Mkuu na CDA, timu za zamani za mji huu, je? Bara ilipata televisheni 1994. Kabla ya hapo mpira tuliusikia redioni. Mamlaka ya CDA yenyewe ilivunjwa 2017. Sawa, picha ni haba. Lakini Uwanja wa Jamhuri upo, na wazee wa Majengo wapo. Nawe unayejiita mwandishi, beba daftari ukawasikilize. Mzee akizikwa na stori zake, mhariri ataunga nini? Kimya?