Mnasifia mawe

Kila ikiwekwa filamu ya chuo cha Marekani, vijana wenzangu wa mjini humeza mate. "Ona majumba ya wenzetu!" Wanasema yale ya vyama vya udugu vya wanafunzi wa kiume, vile vinavyojiita kwa herufi za Kigiriki. Nguzo nyeupe, ngazi pana, bustani. Halafu linafuata lile lile: wenzetu wana historia bwana.

Mimi napinga. Wana mawe.

Twende Ithaca, jimbo la New York, kwenye Chuo Kikuu cha Cornell. Mwaka 1896 chama cha Chi Psi kilinunua kasri la mawe pale kilimani, lililochorwa na msanifu William Henry Miller kwa ajili ya Jennie McGraw, binti wa tajiri wa mbao. Masikini, Jennie hakuwahi kuishi humo. Alirudi kutoka Ulaya akiwa hoi kwa kifua kikuu, akafa mwaka 1881. Mumewe, Willard Fiske, akapambana na chuo kuhusu wosia hadi Mahakama ya Juu ya Marekani, na mwaka 1890 chuo kikabwagwa. Yaani jumba la "udugu" lilianza na ugomvi wa mirathi! Kwenye filamu hilo hulioni.

Desemba 7, 1906, kasri likaungua. Wanafunzi wanne na wazimamoto watatu wakafa.

Sasa nisikilizeni. Siku tatu tu kabla ya moto huo, Desemba 4, katika mji huo huo, vijana saba Weusi walianzisha Alpha Phi Alpha, chama cha kwanza cha udugu cha wanafunzi Weusi kilichodumu. Kasri walitoe wapi? Walikutana kwenye nyumba za kawaida za familia za Weusi huko mjini, bondeni. Kwenye majumba ya Wazungu wapo waliokanyaga, lakini kama watumishi. Na hii ni Cornell, ambayo mwanzilishi wake alisema anataka mtu yeyote aweze kusoma somo lolote!

Hawakuanza kwa kutafuta herufi za kuning'iniza mlangoni. Wanafunzi sita Weusi waliokuwapo mwaka wa masomo 1904/05 hawakurudi chuoni. Waliobaki wakaanza kukutana, kusoma pamoja na kushikana mikono ili asipotee mwingine. Basi.

Kutoka chama hicho alipita Thurgood Marshall, mwanasheria yule aliyekwenda London mwaka 1960 kuwashauri wajumbe Waafrika wa Kenya kwenye mazungumzo ya katiba, Lancaster House. Mnaotaka historia, hiyo hapo. Haina nguzo hata moja.

Lakini sisi tunatamani kasri. Tena sisi tuliobebana hosteli! Mimi nilikosa chumba mwaka wa kwanza. Jamaa mmoja, hatukuwa hata wa mkoa mmoja, akanibeba mwaka mzima kwenye kitanda chake cha futi tatu, mmoja kichwa huku, mwingine kule. Mlinzi akipita tunazima taa. Siku ya mtihani tunagawana chapati moja.

Lile jengo ni baya, nawahakikishia. Rangi imebanduka, choo kinanuka hadi ghorofani. Sijawahi kuona mtu akilipiga picha.